Jinsi ya kulitumia neno "lacustrine" kwenye ripoti yako bila kurudishiwa: mwongozo kamili, hatua kwa hatua

Wadau, nimeamua kuuandika huu mwongozo wote kwa mara moja maana nimeona watu wengi wenye kazi nzuri wanarudishiwa karatasi zao kwa sababu ya neno moja tu. Mimi nipo Mwanga hapa Kigoma, kazi yangu ni kuchapa na kuhariri: ripoti za field, maandiko ya vikundi vya wavuvi wanaoomba ufadhili, vipeperushi vya waongoza watalii. Kila msimu wa field ukifika nakutana na "lacustrine" imekaa pabaya.

Binti mmoja alikuja kaandika "we visited the lacustrine", msimamizi wake kamzungushia peni nyekundu mara nne ukurasa mmoja, machozi yanamlenga, ananiambia, "Dada, mbona kamusi imesema maana yake ni ziwa?" Tukafungua kamusi pamoja. Haikusema ziwa, ilisema ya ziwa, inayohusu ziwa. Hapo ndo wengi wanapoanguka, kwa hiyo tuanzie hapo na twende taratibu.

VITU VYA KUANDAA

Kwanza kamusi ya Kiingereza kwa Kiingereza yenye sauti, ya kwenye simu inatosha. Ile ndogo ya mfukoni ya Kiingereza na Kiswahili usiitegemee kwa hili, unaweza usilikute kabisa au ukakuta neno moja la maelezo ambalo litakupoteza kama lilivyompoteza yule binti.

Pili, daftari na peni za rangi mbili. Tatu, sentensi zako mwenyewe kama kumi kutoka kwenye ripoti unayoiandika, sio za kwenye kitabu, maana kosa lako liko kwenye sentensi zako. Nne, ramani ya ziwa letu na mto Malagarasi, hata ya simu, utaihitaji hatua ya tano.

Tenga saa moja na nusu bila kuchati.

HATUA YA 1: Andika maana zake zote kwa Kiswahili

Usianze kutunga sentensi kabla hujaandika maana kwa mkono wako. Sababu ni kwamba hili neno lina maana zinazokaribiana, mtu akishika moja tu anailazimisha kila mahali.

Maana ya kwanza ni ya ziwa, inayohusu ziwa kwa ujumla. "Lacustrine environment" ni mazingira ya ziwa.

Ya pili ni kinachoishi au kuota ziwani. "Lacustrine fish" ni samaki wa ziwani, "lacustrine plants" ni mimea ya ziwani. Ziwa Tanganyika lina aina zaidi ya 200 za samaki wa jamii ya sichlidi, wengi wao huwapati ziwa lingine lolote duniani, na hao mtu akiwaita "lacustrine species" yuko sawa kabisa.

Ya tatu ndo yenye utajiri na ndo watu wanairuka: kilichojengeka ziwani, yani udongo, tope na mchanga uliotuama chini ya ziwa tabaka juu ya tabaka. Wataalamu wa miamba wanaita "lacustrine sediments" au "lacustrine deposits", sisi tunasema mashapo ya ziwa. Ziwa letu lina kina cha mita 1,470 pale penye kina kirefu zaidi na huko chini hakuna hewa ya oksijeni, kwa hiyo hakuna viumbe wa kuchimbachimba lile tope, matabaka yanabaki yamepangana vizuri na watu wanakuja kuyachomoa kwa mabomba marefu ili wasome hali ya hewa ya zamani ilikuwaje.

Sasa shika hili vizuri sana: kitu kinaweza kuwa "lacustrine" hata kama leo ziwa halipo. Nenda bonde la Manonga huko Igunga, mkoa wa Tabora. Ukisimama pale unaona mbuga, ng'ombe, vumbi la kiangazi na ule udongo mweusi unaonasa magari masika, lakini ndani ya yale makorongo kuna tabaka za mashapo ya ziwa la kale lililokuwepo mamilioni ya miaka iliyopita, na mabaki ya wanyama wa enzi hizo yamechimbwa mlemle. Hizo tabaka ni "lacustrine" japo hakuna hata mtumbwi mmoja pale. Mwanafunzi wa Tabora akiniambia hili neno ni la watu wa Kigoma tu huwa namtajia Manonga.

Ya nne ni ya wanaosoma mambo ya kale: makazi yaliyojengwa juu ya nguzo ziwani au ukingoni mwa ziwa. Uswisi, kwenye ziwa Zürich, majira ya baridi ya 1853 kwenda 1854 maji yalishuka sana nguzo za nyumba za kale zikaonekana, tangu hapo watu wakaandika sana kuhusu "lacustrine dwellings". Kama husomi hayo mambo hii maana ijue tu, usiitumie.

Tahadhari: ukiona kwenye daftari lako umeandika "lacustrine = ziwa" bila "ya" au "-a" mbele yake, kata. Andika "-a ziwa". Ni kivumishi, sio jina la kitu.

Umefanikiwa ukiweza kumweleza mtu asiyejua Kiingereza, kwa Kiswahili tupu, kwa nini lile bonde kavu la Manonga linastahili hilo neno.

HATUA YA 2: Litamke mpaka ulimi ukubali

Waingereza wengi wanasema la-KAS-train, Wamarekani wanasema la-KAS-trin. Zote sawa, chagua moja ukae nayo. Mkazo uko kwenye silabi ya pili, hiyo KAS. Usiseme LAKU-strini kwa kufuata herufi, maana kwenye presentesheni panelisti hatajua umesema nini na utaanza kurudia, ukirudia unababaika, ukibabaika maswali yanaongezeka.

Jirekodi kwenye simu mara tano, cheza sauti ya kamusi, cheza yako. Zikifanana pale kwenye KAS, songa mbele.

HATUA YA 3: Liweke mahali pake kwenye sentensi

Kiswahili kinaweka sifa nyuma ya jina, mashapo ya ziwa. Kiingereza kinaweka mbele, "lacustrine sediments". Hilo wengi wanalijua, wanachokosea ni kulisimamisha lenyewe bila jina. "The lacustrine is polluted" haipo. Sema "the lake is polluted". Kama unataka lazima hilo neno, lipe jina la kulibeba: "the lacustrine ecosystem is polluted".

Linaweza kukaa nyuma ya "is" au "are" pale unapoeleza asili ya kitu, mfano "these clays are lacustrine in origin", huu udongo wa mfinyanzi asili yake ni ziwani. Ni matumizi halali ila ya kitaalamu zaidi.

Na halipimwi. Hakuna "very lacustrine", hakuna "more lacustrine than". Samaki ama ni wa ziwani ama sio, hatusemi samaki huyu ni wa ziwani sana kuliko yule. Nikikuta "very" mbele yake huwa nafuta tu bila kuuliza.

Chukua peni ya rangi ya pili, pitia sentensi zako kumi, kila penye "lacustrine" chora mshale kwenda kwenye jina inalolisifia. Mshale ukikosa pa kwenda, sentensi imekufa, iandike upya.

HATUA YA 4: Jiulize, ni cha ziwani au kiko kando ya ziwa?

Hii ndo hatua inayookoa watu wa utalii na wa proposal, isome mara mbili.

"Lacustrine" inahusu kitu ambacho asili yake, maisha yake au tabia yake ni ya ziwa lenyewe. Kitu ambacho kimejengwa tu jirani na maji kina maneno yake: "lakeside", "lakeshore", "lakefront". Hoteli yenye madirisha yanayotazama milima ya Kongo ng'ambo kule ni "lakeside hotel". Barabara inayopita ukingoni ni "lakeshore road". Mwalo wa Kibirizi ni "lakeside landing site". Ukiandika "lacustrine hotel" msomaji Mzungu atapata picha ya hoteli iliyosimama majini kwa nguzo, au ataona hujui ulichoandika, na kipeperushi kizima kinapoteza heshima.

Kuna kaka mmoja anatembeza wageni, mtu anayelijua ziwa kuliko wengi, aliandika "enjoy our lacustrine beach and lacustrine breakfast". Nilimwelewa, alitaka lugha ipande hadhi. Tukaandika "breakfast by the lake" na alipoisoma kwa sauti mwenyewe akasema hii ndo ninayoisema kila siku nikiwa na wageni. Maneno mepesi yalimkaa mdomoni, na mgeni anayasoma haraka akiwa amesimama.

Na watu je? "Lacustrine people", hapana. Sema "lakeside communities" au "people living along the lake". Dagaa sokoni, hapana, andika "dagaa" na maelezo mafupi. Maji yanavyopanda na kushuka ni "lake level", hata wanasayansi wenyewe wanasema hivo, hawasemi "lacustrine level". Meli ni "lake vessel" au "lake steamer". MV Liemba ni "lake vessel" na imetosha.

Majina yanayokubaliana nalo vizuri ni haya, yaandike nyuma ya daftari: sediments, deposits, clays, environment, ecosystem, habitat, species, fauna, wetland, plain. Ukibaki kwenye hayo kumi ni ngumu kukosea.

Umefanikiwa ukiona nusu ya "lacustrine" zako zimegeuka "lake" au "lakeside". Usisikitike, nusu iliyobaki ndo yenye nguvu.

HATUA YA 5: Litenganishe na ndugu zake, tumia Malagarasi

Fungua ramani. Hapa sitaki ukariri orodha, nataka usafiri na maji.

Anza juu, kwenye ardhioevu ya Malagarasi na Muyovozi, eneo la kwanza la Tanzania kuingizwa kwenye mkataba wa Ramsar, ule wa kimataifa wa kulinda ardhioevu, mwaka 2000, na limegusa Kigoma na Tabora. Kwenye mafunjo na matete, maji yametuama chini ya majani marefu, huoni uso wa maji. Hapo ni kinamasi, neno lake ni "palustrine". Linaisha kama letu na ndo maana watu wanayachanganya.

Humohumo kuna maziwa madogo, Sagara na Nyamagoma. Pale maji yako wazi, upepo unatengeneza mawimbi. Hapo ndo "lacustrine". Kwenye mfumo wa uainishaji wa ardhioevu uliotolewa Marekani 1979, ambao wasimamizi wengi wanautumia, mpaka wa hivi vitu viwili ni wa namba kabisa, ili paitwe "lacustrine": eneo la maji lizidi hekta 8 na mimea ya kudumu kama miti, vichaka na matete isifunike asilimia 30 au zaidi ya eneo hilo. Kuna vijieneo vidogo zaidi vinaingia kama vina kina cha kutosha au ukingo wake umechongwa na mawimbi, lakini kwa ripoti ya field anza na hizo namba mbili. Sasa kama kituo chako cha utafiti kilikuwa katikati ya mafunjo ukaandika "lacustrine" umekosea hata kama kijiji kizima kinaita pale ziwani. Pima kwanza.

Endelea. Mto wenyewe unaotiririka, pamoja na Ugalla unaoungana nao, ni "riverine" ukizungumzia mazingira na viumbe wake, na "fluvial" ukizungumzia kazi ya mto kusomba na kumwaga mchanga. Kwa hiyo "fluvial deposits" na "lacustrine deposits" ni vitu viwili, moja imeletwa na mto, nyingine imetuama ziwani.

Fika Ilagala, Malagarasi inapomwaga maji ziwani. Hapa watu wengi wanaandika "estuary". Usiandike. "Estuary" na "estuarine" ni pale mto unapokutana na bahari, maji baridi yakachanganyika na ya chumvi. Kwetu sema "delta" au "river mouth".

Sasa uko ndani ya Ziwa Tanganyika. "Marine" iache, hiyo ni ya bahari, "marine fish" ni samaki wa baharini na ziwa letu ni maji baridi, ingawa injini ya boti ukiiita "marine engine" hakuna tatizo maana ni jina la aina ya injini. Samaki wa miamba ya ukingoni ni "littoral". Dagaa wetu, yule Stolothrissa tanganicae, na migebuka wanaomfuata kumla, hawa wanaishi maji ya wazi mbali na ukingo, ni "pelagic". Na wote, wa ukingoni na wa katikati, ni "lacustrine" kwa pamoja, maana wote ni wa ziwa. Yani "lacustrine" inakwambia ziwa, "pelagic" na "littoral" zinakwambia ziwa sehemu gani. Msimamizi akikuuliza dagaa ni "pelagic" au "lacustrine" jibu ni vyote viwili, na umweleze hivo kwa kujiamini.

Umefanikiwa ukiweza kufunga macho, ukasafiri kutoka kwenye mafunjo mpaka maji ya wazi ukitaja neno sahihi kila unapofika. Ukikwama rudi kwenye ramani, usirudi kwenye kamusi.

HATUA YA 6: Kama umetafsiri kutoka Kifaransa, simama hapa

Sisi mwisho wa reli tunaishi na majirani wa Bujumbura, Uvira na Kalemie, nyaraka nyingi za biashara na mizigo zinakuja kwa Kifaransa. Kwenye Kifaransa neno "lacustre" ni la kawaida kabisa, karani wa bandari analisema kila siku, "port lacustre", "transport lacustre". Mtu akitafsiri anaona "lacustre", anaandika "lacustrine", anaamini amemaliza.

Kiingereza hakiko hivo. Kwenye Kiingereza "lacustrine" ni neno la maabara na la jiolojia, karani wa bandari halitumii. "Port lacustre" ni "lake port". "Transport lacustre" ni "lake transport". Ukiona sentensi yako inahusu mizigo, nauli, ushuru au abiria, weka "lake" bila kufikiria mara mbili.

HATUA YA 7: Zima masahihisho ya simu na ya kompyuta

Fupi hii lakini nimeona madhara yake. Kuna kifaa kitakupigia mstari mwekundu chini ya "lacustrine" na kukupa "lacklustre" badala yake. "Lacklustre" ni kitu kilichopooza, kisicho na mvuto. Ukibonyeza kukubali unakuwa umeandika mazingira ya ziwa letu yamepooza, na kwenye ombi la ufadhili hiyo inasomeka vibaya sana. Liongeze neno kwenye kamusi ya kompyuta yako, kisha mwishoni tafuta "lackl" kwenye faili zima uhakikishe halimo.

HATUA YA 8: Jaribu kwenye aya nzima

Sentensi moja moja hazitoshi, makosa yanajificha yakiwa kundini. Hii ni aya niliyoletewa, nimebadilisha vitu vidogo ili mwenyewe asijulikane:

"Katonga is a lacustrine landing site. The lacustrine people catch marine dagaa from the lacustrine at night and dry it on lacustrine sand. The lacustrine level is very high."

Tuipitie. "Lacustrine landing site", kiko kando ya maji, hatua ya 4, inakuwa "lakeside". "Lacustrine people", inakuwa "fishers", maana ndo wanaovua. "Marine dagaa", hatua ya 5, inakuwa "pelagic". "From the lacustrine", hatua ya 3, mshale hauna pa kwenda, inakuwa "from the lake". "Lacustrine sand" ni mtego kidogo, mtu wa miamba anaweza kuuita hivo kama anaeleza mchanga ulivyotuama, lakini hapa habari ni ya kuanika dagaa, asili ya mchanga haimsaidii msomaji, toa. "Lacustrine level", inakuwa "lake level".

Baada ya kusafisha ikawa hivi:

"Katonga is a lakeside landing site. Fishers catch dagaa, a small pelagic fish, from the lake at night and dry it on the sand. When the lake level rises, they lose part of their drying ground. The study therefore looks at how changes in the lacustrine environment affect their work."

Angalia "lacustrine" imebaki moja tu, kwenye sentensi inayobeba mada ya utafiti, mbele ya jina linalokubaliana nalo. Msimamizi anaiona mara moja na anajua aliyeandika anajua maana yake.

Sasa fanya hivo hivo kwa aya yako. Andika ya zamani upande wa kushoto wa daftari, mpya kulia, na chini ya kila neno ulilobadilisha andika namba ya hatua iliyokufanya ulibadilishe. Ukiona namba moja inajirudia zaidi ya mara tatu, hiyo hatua hujaielewa bado, irudie yote kabla hujachapa. Yule binti namba yake ilikuwa 3. Tuliirudia jioni ile ile dukani, mvua inapiga bati, na alipotoka ripoti ilikuwa na "lacustrine" mbili tu kati ya kumi na saba alizoingia nazo.